Kuku Mmoja, Mikate Kumi: Nyama Igawanywe kwa Haki



Mara nyingi katika ukurasa huu tumezungumzia magonjwa: malaria, kuhara, upungufu wa damu, shinikizo la damu. Mwezi huu tunataka kuzungumzia chakula kimoja tu, nacho ni kuku wa kuchoma aliyetiwa ndani ya mkate, yaani sandwichi ya kuku. Huenda wengine watacheka na kusema kwamba wauguzi wamekosa la kuandika. Tunaomba mtuvumilie. Sisi tunaofanya kazi wodini tunaona kwamba udhaifu wa watoto wengi huanzia pale familia inapokaa kula. Zipo nyumba ambazo chakula hakuna kabisa, na hizo tunazihurumia. Lakini zipo pia nyumba ambazo chakula kilikuwapo, hata nyama ilikuwapo, ila haikumfikia yule aliyeihitaji zaidi.

Basi maoni yetu ni haya: nyama ya kuku ikichomwa vizuri, ikatolewa mifupa, ikachambuliwa na kutiwa ndani ya mkate pamoja na kachumbari, kuku mmoja anaweza kulisha watu kumi kwa haki, mkubwa na mdogo. Tunaipenda sandwichi hii kwa sababu hiyo kuliko sababu nyingine yoyote.

CHAKULA CHENYE WAZAZI WAWILI

Sisi tunaoishi kusini tuna jirani anayekijua chakula hiki vizuri. Jirani huyo ni Msumbiji. Wengi wetu tuna ndugu ng'ambo ya mto Ruvuma. Wamakonde, Wayao na Wamakua wako pande zote mbili, na katika miaka ya vita vya ukombozi, kabla ya uhuru wa Msumbiji tarehe 25 Juni 1975, maelfu ya wakimbizi walipokelewa huku kwetu. Hivyo tukitaja mapishi ya Msumbiji hatutaji mambo ya mbali.

Wareno walifika pwani hii mwaka 1498, wakati Vasco da Gama alipopita Kisiwa cha Msumbiji, Mombasa na Malindi akielekea India. Walikaa kwa muda mrefu, na mabaya ya utawala wao yanajulikana. Lakini waliacha pia vitu ambavyo leo tunaviita vyetu. Tunaposema meza, leso, bendera na mvinyo, tunatumia maneno yaliyotoka katika Kireno. Mkorosho, ambao leo unalipia karo za shule katika mikoa yetu ya kusini, ulitoka Brazili. Mahindi na muhogo navyo vilitoka Amerika. Hata pilipili ndogo kali tunayoiita kichaa asili yake ni Amerika, ingawa hakuna mama wa pwani anayeiona kuwa ngeni.

Huko Msumbiji Wareno waliacha pia mkate mdogo wa ngano, mgumu kidogo nje na laini ndani, ambao hadi leo unaitwa kwa jina la Kireno, pão. Wananchi hawakuula mkate huo kwa namna ya Kireno peke yake. Waliupasua na kutia ndani yake vitu vyao: bajia, yai, samaki, na kuku wa piri-piri. Neno hilo piri-piri ni ndugu wa pilipili yetu. Kuku huyo hulowekwa katika ndimu, vitunguu saumu, chumvi na pilipili, kisha huchomwa juu ya makaa. Katika mkoa wa Zambézia, wenye minazi mingi, hupakwa na tui la nazi wakati wa kuchomwa.

Tazameni basi kitu hicho kimoja mkononi. Kuku amechomwa juu ya makaa kama wazee wetu walivyochoma. Nazi na ndimu ni za pwani. Mkate ni wa Ulaya, na pilipili imevuka bahari. Mapishi mawili yamekutana, na kila upande umetoa kilicho chake: huku kwetu nyama na viungo, huko kwao mkate wa kuvibebea.

Tunalisema hili kwa kuwa mara nyingi mapishi ya kigeni yanapokutana na ya kwetu, sisi huchukua vibaya vya pande zote. Kutoka kwa wageni tunachukua soda, mafuta mengi ya kukaangia, sukari na mkate mweupe mtupu. Kutoka kwetu tunabaki na ugawaji wa nyama usio sawa. Mtoto anapewa mkate mkavu na chai ya rangi yenye sukari nyingi, naye baba anakula paja la kuku. Hapo hakuna upande uliotoa kizuri chake.

NANI ANAKULA NINI?

Methali yetu inasema, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Sote tunajua maana yake. Kuku huchinjwa mgeni anapokuja, na watoto wa nyumbani hufurahi kwa sababu siku hiyo nao watapata. Lakini tuulizane kwa unyofu, je, huwa wanapata nini?

Katika nyumba nyingi firigisi ni ya baba, na mke asiyeipeleka huulizwa maswali. Mapaja na kidari ni vya mgeni na wanaume. Mama hula mgongo na mbawa. Watoto hugawana shingo, miguu na kichwa, na mdogo kuliko wote hupewa mchuzi juu ya ugali. Zamani makabila kadhaa yalikwenda mbali zaidi. Kwa mfano, kwa Waganda wanawake hawakuruhusiwa kula kuku wala mayai. Mpaka leo wako akina mama wajawazito wanaoambiwa wasile mayai. Hayo ni mafundisho yasiyo na msingi wowote katika elimu ya afya, nayo yanamnyima mama na mtoto aliye tumboni.

Sasa tuangalie ni nani anayehitaji nyama hiyo zaidi. Anayejenga mwili ni mtoto. Anayejenga mwili wa mwingine ndani ya mwili wake ni mama mjamzito. Binti aliyeanza kupata siku zake hupoteza damu kila mwezi na anatakiwa kuirudisha. Mwanamume mzima anahitaji chakula cha kutosha, naye hufanya kazi nzito, lakini mwili wake umekwisha kujengwa. Kwa hiyo desturi yetu imegeuza mambo: anayejenga nyumba mpya tunampa tofali moja, na mwenye nyumba iliyokwisha kuezekwa tunampa kumi.

Utafiti wa kitaifa wa afya uliofanyika Tanzania mwaka 2022 ulionyesha kwamba katika kila watoto 10 walio chini ya miaka 5, watoto 3 wamedumaa. Zaidi ya nusu ya watoto wa miezi 6 hadi miaka 5 walikuwa na upungufu wa damu. Kudumaa kuna sababu nyingi, zikiwamo kuhara mara kwa mara, minyoo na malaria. Lakini chakula kisicho na vitu vya kujenga mwili ni sababu kubwa. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2023, linashauri kwamba mtoto wa miezi 6 hadi 23 apewe kila siku chakula kinachotokana na wanyama, yaani nyama, samaki au yai.

Kuhusu mchuzi, tunaomba mtusikilize vizuri. Mchuzi wa kuku ni mzuri kwa mgonjwa kwa sababu humpa maji na chumvi na humrudishia hamu ya kula. Lakini sehemu kubwa ya protini hubaki katika nyama. Mzazi anayempa mtoto mchuzi na kula nyama mwenyewe, akidhani kwamba nguvu zote za kuku zimeingia katika mchuzi, anamnyima mtoto bila kujua.

HESABU YA KUKU MMOJA

Kuku aliyekwisha kusafishwa mwenye uzito wa kilo moja na nusu hutoa kama gramu 600 za nyama iliyoiva, mifupa ikishatolewa. Nyama hiyo ikikatwa vipande vya paja na kidari, wanaoshiba ni watu wanne. Wengine hulamba vidole. Nyama hiyo hiyo ikichambuliwa na kugawanywa katika mikate kumi, kila mmoja anapata gramu 60. Katika gramu 60 za nyama ya kuku mna protini kama gramu 16. Mtoto wa miaka 4 hadi 8 anahitaji kama gramu 19 kwa siku nzima. Maana yake ni kwamba mkate mmoja wenye kuku unakaribia kumtosheleza mtoto huyo, bila kuhesabu maharage atakayokula jioni.

Zaidi ya hayo, nyama iliyochambuliwa haina paja wala shingo. Imechanganyika yote, nyeupe na nyeusi, laini na ngumu. Hakuna anayeweza kusema, "Hiki ni cha mkubwa." Mama anapopanga mikate kumi juu ya sinia, kila mkate unafanana na mwenzake, na mtoto wa mwisho anachukua sawasawa na kaka yake. Wala hapana haja ya kugombana na mtu juu ya mila.

Kuhusu ini, shauri letu ni kwamba lisiingie katika ugomvi wa firigisi. Ini la kuku lina madini ya chuma mengi kuliko nyama yake, pamoja na vitamini A. Ni dogo, halitoshi kugawanya. Basi lipikwe hadi liive kabisa, lipondwe, na apewe mtoto aliyeanza kula, wa miezi 6 hadi miaka 2.

JINSI YA KUANDAA

Mahitaji kwa watu kumi: kuku mmoja wa kilo moja na nusu, ndimu tatu, vitunguu saumu punje sita, tangawizi kipande kimoja cha ukubwa wa kidole gumba, chumvi kijiko kimoja cha chai, mafuta ya kula vijiko viwili vya chakula, tui zito la nazi kikombe kimoja, pilipili kichaa moja au mbili kwa wanaopenda, mikate midogo kumi (skonzi), nyanya nne, vitunguu viwili, tango moja, karoti mbili, korosho zilizobanguliwa na kukaangwa, gramu 100.

1. Pasua kuku katikati ya kifua na umfungue awe bapa. Kama ni kuku wa kienyeji aliyekomaa, mchemshe kwanza kwa maji kidogo na chumvi mpaka alainike, kwa kawaida dakika 40 hadi saa moja. Kuku wa kisasa hana haja ya kuchemshwa.

2. Twanga vitunguu saumu na tangawizi, changanya na maji ya ndimu mbili, chumvi na mafuta, umpake kuku kote. Mwache saa moja mahali pa baridi akiwa amefunikwa. Pilipili itwangwe peke yake na kutiwa katika kibakuli, kila mtu mzima ajipakie. Watoto wadogo wasipewe.

3. Washa mkaa nje ya nyumba. Subiri mpaka moto mkali upungue na makaa yafunikwe na majivu meupe. Weka wavu juu kidogo, choma polepole ukigeuza, huku ukipaka tui la nazi mara kwa mara. Kuku mbichi aliyefunguliwa huchukua kama dakika 45 hadi saa moja. Aliyechemshwa anahitaji dakika 15 hadi 20 tu, apate rangi na harufu.

4. Choma kisu penye unene wa paja, karibu na mfupa. Maji yanayotoka yawe meupe, yasiwe na wekundu, wala nyama isiwe ya pinki. Wenye kipimajoto cha jikoni watazame kifike nyuzi 74. Sehemu zilizoungua na kuwa nyeusi zikatwe zitupwe, kwani masizi ya nyama iliyoungua si mazuri kwa afya.

5. Osha mikono kwa sabuni, toa mifupa yote, chambua nyama katika sahani safi.

6. Twanga korosho mpaka zilainike, ongeza maji ya ndimu moja, chumvi kidogo sana, na maji yaliyochemshwa vijiko vichache, mpaka ziwe kama uji mzito. Huu ndio utakaopakwa ndani ya mkate badala ya mayonezi. Mayonezi ya kutengeneza nyumbani hutumia mayai mabichi, ambayo yanaweza kuwa na vijidudu. Korosho ni zetu, zina protini na mafuta mazuri.

7. Osha nyanya, tango na karoti kwa maji safi na salama kabla ya kuzikata, menya vitunguu, ukate kachumbari. Pasha mikate juu ya wavu, ipasue, paka korosho, tia nyama, tia kachumbari, ugawe mara moja.

Kachumbari isiachwe kwa kudhani kwamba ni pambo. Nyanya na ndimu zina vitamini C, ambayo husaidia mwili kupokea madini ya chuma yaliyo katika mkate, korosho na mboga. Nyama nayo inasaidia hivyo hivyo. Chai na kahawa hufanya kinyume, kwa sababu huzuia madini hayo. Kwa hiyo mkate huu uliwe na maji au tunda, na chai inywewe baada ya saa moja au zaidi. Ndizi, papai au chungwa ni bora kuliko chupa ya soda, na bei yake ni nafuu.

MAMBO YA KUANGALIA

Nyama ya kuku mbichi mara nyingi hubeba vijidudu vya kuharisha, hasa salmonela na kampilobakta. Moto huviua, lakini mikono na ubao vinaweza kuvirudisha. Ubao na kisu vilivyokata kuku mbichi visikate kachumbari mpaka vioshwe kwa sabuni na maji ya moto. Sahani iliyobeba nyama mbichi isibebe iliyoiva. Kuku wa dukani aliyekwisha kusafishwa hana haja ya kuoshwa tena chini ya bomba, maana maji hurusha vijidudu pande zote. Kuku aliyechinjwa nyumbani asafishwe ndani ya beseni mbali na vyakula vingine, na beseni lioshwe vizuri.

Nyama iliyoiva isikae nje zaidi ya saa mbili, na katika joto kali la kwetu isizidi saa moja. Hapa tunataka kusema neno juu ya sherehe zetu za Komunyo ya Kwanza, Kipaimara na harusi. Kuku huchomwa usiku, hufunikwa kwa kitambaa, na huliwa saa tisa alasiri. Siku inayofuata watu wanaharisha na kusema wamelogwa, au wanamlaumu mpishi kwamba ana kijicho. Ni vijidudu vilivyozaliana usiku kucha. Afadhali kuku wachomwe siku hiyo hiyo, au wahifadhiwe katika friji na kuchomwa tena mpaka wawe wa moto kabisa ndani.

Mtoto akiharisha, apewe maji ya chumvichumvi (ORS) na vidonge vya zinki kwa siku 10 hadi 14, aendelee kunyonya na kula. Akiwa na damu katika kinyesi, akitapika kila kitu, macho yakididimia au akilegea, aletwe hospitali upesi bila kungoja asubuhi.

Mifupa yote itolewe kwa ajili ya watoto na wazee. Mtoto wa chini ya miaka 2 nyama yake isagwe au ipondwe. Wenye shinikizo la damu wapunguze chumvi na watoe ngozi ya kuku. Wenye kisukari wasizidishe mkate mmoja, na waongeze kachumbari.

Jiko la mkaa lisiingizwe ndani ya chumba cha kulala hata kama ni baridi au mvua. Hewa yake ya sumu haina harufu, na huua watu usingizini.

Kuku anayekufa kwa ugonjwa asichinjwe na kuliwa. Kuku wengi wa kienyeji humalizwa na mdondo kabla hawajafika mezani. Chanjo ya mdondo ya I-2 ni tone moja jichoni kila miezi mitatu, nayo inapatikana kwa maofisa mifugo. Familia inayochanja kuku wake ina nyama na mayai karibu na mlango.

MAJIBU KWA WANAOPINGA

Wa kwanza atasema, "Mwacha mila ni mtumwa. Mkate ni chakula cha kizungu." Tunamjibu kwa heshima kwamba ugali wa mahindi, muhogo, korosho na pilipili vilikuja vivyo hivyo, na hakuna anayejiona mtumwa kwa kuvila. Hatumwambii mtu aache ugali. Asiyekuwa na mkate achukue chapati, au achambue nyama ileile na kuigawa kwa kijiko juu ya ugali au wali, kila sahani vijiko sawa. Mkate unatusaidia kupima tu.

Wa pili atasema, "Ni gharama." Hapo ana haki. Nchi yetu huagiza sehemu kubwa ya ngano yake kutoka nje, na bei hupanda bila kutuuliza. Jirani zetu walilionja jambo hilo mwezi Septemba 2010. Bei ya mkate ilipopandishwa, ghasia zilizuka mjini Maputo na watu walipoteza maisha, mpaka Serikali ikairudisha bei nyuma. Kwa hiyo hatusemi mkate wa kuku uwe chakula cha kila siku. Tunasema hivi: siku ile ambayo kuku angechinjwa kwa vyovyote, nyama yake iwafikie wote. Siku nyingine dagaa, maharage, mayai, kunde na mchicha vitafanya kazi yao.

Wa tatu, na huyu ndiye mzito, ni baba anayesema, "Mimi ndiye niliyemnunua kuku. Heshima yangu iko wapi?" Hata wodini kwetu wauguzi hatukubaliani wote katika jambo hili. Wako wanaosema kwamba tukigusa firigisi ya mzee tutavunja nyumba za watu, na kwamba heshima ya baba nayo ni nguzo ya familia. Tumelifikiri neno lao. Basi firigisi ibaki kwa baba, kama familia inapenda hivyo. Ni kipande kidogo, na hakitawadumaza watoto. Lakini kidari, mapaja na mgongo viende katika sinia la wote. Baba anayepewa firigisi yake mbele ya watoto wanaotafuna nyama hapungukiwi na heshima. Tunadhani anaongezewa.

Vilevile tunaomba kamati za sherehe katika vigango vyetu zitafakari. Mara nyingi meza kuu hujaa kuku, na watoto waliopata Komunyo ya Kwanza siku hiyo, ambao ndio wenye sherehe, hupewa wali na kabichi nje chini ya mwembe. Kuku ishirini wanaweza kutoa mikate mia mbili. Safari ijayo anzeni kuhesabu kwa watoto, kisha mpande kwenda meza kuu.

Tunawashauri wazazi wajaribu jambo hili mara moja tu mwezi huu, siku yoyote ambayo kuku atachinjwa. Pangeni mikate juu ya sinia, mhesabu vichwa vya watu wa nyumbani, mama akiwamo, kisha mgawe kuanzia mdogo. Wenye maswali kuhusu lishe ya watoto na wajawazito waje kliniki ya mama na mtoto, tutawapokea.

Tukutane mwezi ujao katika ukurasa huu huu. Tunawatakia afya njema.